Kasumba Isiyolevya: Soka na Udikteta nchini Brazili

Miongoni mwa wasomi wa siasa, hasa wa mrengo wa kushoto, kuna hoja ambayo imerudiwa mara nyingi kiasi cha kuonekana haihitaji tena ushahidi: kwamba chini ya udikteta soka ni kasumba ya umma, yaani kilevi ambacho watawala humlisha mnyonge ili asahau njaa yake, asiulize alikopelekwa jirani yake aliyekamatwa usiku wa manane, na auhesabu ushindi wa timu ya taifa kuwa ushindi wake mwenyewe. Mifano ya kuitetea hoja hiyo ni ileile kila mara: Kombe la Dunia la 1934 katika Italia ya Mussolini, ushindi wa Brazili mwaka 1970 chini ya Jenerali Emílio Garrastazu Médici, na kombe la 1978 ambalo fainali yake ilichezwa Buenos Aires, kilomita chache tu kutoka ESMA, chuo cha jeshi la majini kilichokuwa kimegeuzwa gereza la mateso. Hakuna mfano wa uongo kati ya hiyo. Kilichokosewa ni hitimisho linalochotwa humo, na kosa hilo linaonekana wazi zaidi palepale ambapo wenye hoja hudhani wana ushahidi mzito kuliko kwingine kote, yaani katika Brazili ya majenerali, iliyodumu tangu mapinduzi ya 1964 hadi 1985.

Ni haki kwanza hoja yao isimuliwe kwa nguvu zake zote. Mwezi Desemba 1968 utawala wa kijeshi ulitoa Amri ya Kitaasisi Namba 5, ambayo iliwapa majenerali uwezo wa kulifunga Bunge, kuwavua wapinzani haki zao za kisiasa na kuwanyima mahabusu wa kisiasa haki ya kufikishwa mbele ya hakimu ili uhalali wa kukamatwa kwao upimwe. Médici, aliyeshika urais mwaka uliofuata, ndiye aliyeitumia amri hiyo kwa ukali mkubwa kuliko wenzake wote, na ndiye pia aliyependa kuonekana uwanjani akiwa na redio ndogo ameibana sikioni, kama shabiki yeyote wa mitaani. Timu ya taifa ilipoifunga Italia 4-1 jijini Mexico tarehe 21 Juni 1970, Ikulu ilifungua milango yake kuwapokea mabingwa, na wimbo wa hamasa wa timu ukageuka kuwa kama tangazo la serikali. Kocha aliyeifikisha timu hiyo katika fainali hizo kwa kushinda mechi zote sita za kufuzu, João Saldanha, mwanachama wa Chama cha Kikomunisti kilichopigwa marufuku, aliondolewa miezi mitatu kabla ya mashindano. Sababu za kuondolewa kwake zilikuwa zaidi ya moja, maana Saldanha alikuwa mtu wa hasira za karibu na alikuwa amegombana na wengi, lakini hakuna anayeweza kudai kwa dhati kwamba siasa zake hazikuwemo.

Hata hivyo kilevi hujulikana kwa kulevya, na hapa ndipo hoja inapoanza kupwaya. Tarehe 11 Juni 1970, siku moja tu baada ya Brazili kuifunga Romania na wakati taifa zima likidhaniwa kuwa limelala mbele ya redio na runinga, wapiganaji wa msituni wa mjini walimteka nyara balozi wa Ujerumani Magharibi jijini Rio de Janeiro, na kabla kombe halijafika nusu fainali utawala ulikuwa umelazimika kuwaachilia wafungwa wa kisiasa 40, wakapandishwa ndege kwenda Aljeria. Iwe mtu anaikubali mbinu ya utekaji nyara au haikubali, ni vigumu kuuita mwezi huo mwezi wa usingizi. Miaka minne baadaye, katika uchaguzi wa Novemba 1974, chama pekee cha upinzani kilichoruhusiwa, MDB, kilinyakua viti 16 kati ya 22 vya Seneti vilivyokuwa vikigombewa. Watakuwepo watakaojibu kwamba mwaka huo Brazili haikuleta kombe nyumbani, ndiyo maana wananchi walizinduka. Lakini jibu hilo linaiua hoja badala ya kuiokoa, kwa sababu kasumba inayofanya kazi pale tu timu inaposhinda, na ambayo huisha nguvu mara bei ya vyakula inapopanda, haiwezi tena kuitwa nguzo ya utawala.

Watawala wenyewe hawakuliona hilo, au waliliona wakakosa la kufanya. Mwaka 1975 shirikisho la michezo liliwekwa mikononi mwa Amiri wa jeshi la majini, Heleno Nunes, aliyekuwa pia kiongozi wa chama tawala, ARENA, katika jimbo la Rio de Janeiro, na kuanzia hapo ligi ya taifa ikavimba mwaka hadi mwaka kwa kuongezewa timu za miji ambako chama kilikuwa kikiyumba, hata watu wakatunga msemo wa kejeli kwamba kila ARENA inapofanya vibaya, timu moja inaingizwa ligini. Ligi iliyoanza na klabu 20 mwaka 1971 ilikuwa na klabu 94 mwaka 1979, idadi ambayo hakuna mpangaji wa ratiba mwenye akili timamu angeikubali. Mwaka huohuo wa 1979 ARENA ilivunjwa, na utawala ukalazimika kuanzisha chama kingine kwa jina jipya.

Kuna ushahidi mwingine ambao wenye hoja ya kasumba huupita bila kuutazama. Kama soka lilikuwa dawa ya kuwatuliza raia, watawala wangekuwa na kila sababu ya kuigawa dawa hiyo kwa wote bila kipimo. Kinyume chake, mwaka 1965, mwaka mmoja baada ya mapinduzi, Baraza la Taifa la Michezo lilitoa azimio lililowapiga marufuku wanawake kucheza soka, likijenga juu ya amri ya 1941 iliyotungwa chini ya udikteta mwingine, ule wa Getúlio Vargas, na marufuku hiyo haikuondolewa hadi 1979. Nusu ya raia walifungiwa mlango wa dawa waliyodhaniwa kunyweshwa. Mtawala hawekei ulinzi kitu kisicho na madhara kwake, na majenerali wa Brazili waliuwekea ulinzi mpira kila upande: waliamua nani acheze, nani afundishe, nani aongoze shirikisho, na hata kinachoruhusiwa kuandikwa mgongoni mwa jezi.

Upinzani wenyewe basi ulikuwa wapi? Watetezi wengi wa soka huharibu kesi yao hapa, kwa sababu hukimbilia kwenye magoli na ishara: ngumi aliyokuwa akiinyanyua Reinaldo wa Atlético Mineiro kila alipofunga, au mkono ambao Carlos Caszely wa Chile alikataa kumpa Augusto Pinochet mwaka 1974. Ishara hizo zilihitaji ujasiri, na ile ya Caszely ililipiwa kwa gharama kubwa, maana mama yake alitekwa na kuteswa na watu wa utawala. Mwaka 1988, katika kampeni ya televisheni ya kura ya maoni iliyomwondoa Pinochet, mama huyo alisimulia yaliyompata kisha mwanawe akajitokeza kando yake. Lakini mkosoaji anayesema kwamba ishara ya mtu mmoja haiangushi utawala anasema kweli, na haifai kubishana naye katika hilo. Nguvu ya kisiasa ya soka iko mahali pengine, pasipopigwa picha sana: katika ukweli kwamba klabu ni chama cha watu, chenye wanachama, katiba, mikutano na uchaguzi, na kwamba jukwaa la uwanja ni mkusanyiko halali wa maelfu ya watu katika nchi ambamo mikusanyiko mingine yote inahitaji kibali cha polisi. Msomaji wa Afrika Mashariki, aliyezoea kuona mikutano mikuu ya wanachama wa Simba na Yanga na mabishano ya katiba yanayoifuata, hahitaji kuelezwa sana jambo hili.

Klabu ya Corinthians ya jijini São Paulo, iliyoanzishwa na vibarua mwaka 1910, inalionyesha jambo hilo kwa karibu. Katika miaka ya sitini mwenyekiti wake alikuwa Wadih Helu, mbunge wa jimbo kwa tiketi ya ARENA, aliyeiendesha klabu kama shamba lake. Tarehe 1 Julai 1969, miezi saba tu baada ya Amri Namba 5, vijana wa jukwaani walianzisha kikundi cha mashabiki kilichoitwa Gaviões da Fiel, na kilichowaunganisha tangu mwanzo, mbali na ngoma na bendera, kilikuwa nia ya kumng'oa mwenyekiti huyo na kudai sauti katika uendeshaji wa klabu. Vyama vya wafanyakazi vilikuwa vimewekewa wasimamizi wa serikali, jumuiya za wanafunzi zilikuwa zimepigwa marufuku, na katikati ya ukimya huo kikundi cha washangiliaji kilikuwa kikijifunza kukusanya michango, kuchagua viongozi na kumpinga mtu wa chama tawala hadharani. Miaka kumi baadaye, Februari 1979, katika uwanja wa Morumbi, kwenye mechi ya Corinthians na Santos, kitambaa kikubwa kilikunjuliwa kati ya Gaviões kikidai msamaha wa jumla, usio na mipaka, kwa wafungwa wa kisiasa na waliokimbilia uhamishoni. Sheria ya msamaha ilipitishwa mwezi Agosti mwaka huohuo, ingawa kwa masharti yaliyowasamehe pia watesaji.

Upande wa wachezaji hali ilikuwa ngumu zaidi, kwa sababu mchezaji wa kulipwa wa Brazili aliishi chini ya udikteta mdogo ndani ya ule mkubwa. Udikteta huo ulisimama juu ya mambo mawili. La kwanza ni kambi, yaani desturi ya kuwafungia wachezaji hotelini siku moja au mbili kabla ya mechi, wawe vijana wa miaka 18 au wazee wa familia, kwa dhana kwamba mtu mzima anayelipwa mshahara hawezi kuaminiwa kulala nyumbani kwake. La pili, baya zaidi, ni kile kilichoitwa passe, hati iliyoibakiza haki ya usajili wa mchezaji mikononi mwa klabu hata baada ya mkataba kwisha, kiasi kwamba hakuweza kuhamia kwingine mpaka mwenye hati akubali kuuza. Mwaka 1970 kiungo wa Botafogo, Afonsinho, aliyekuwa pia mwanafunzi wa udaktari, alizuiwa kufanya mazoezi kwa sababu ya ndevu na nywele ndefu, mtindo ambao siku hizo ulihesabiwa kuwa wa wapinzani. Alikwenda mbele ya mahakama ya michezo, na mwaka 1971 akashinda haki ya kuimiliki hati yake mwenyewe. Alikuwa mchezaji wa kwanza nchini humo kufanikiwa hivyo. Alishinda kesi peke yake, lakini utaratibu uliobaki haukutikisika.

Kilichokuwa kimepungua kwa Afonsinho kilipatikana Corinthians mwishoni mwa 1981 na mwanzoni mwa 1982, baada ya msimu mbovu. Mwenyekiti mpya, Waldemar Pires, alimkabidhi ukurugenzi wa soka Adilson Monteiro Alves, mwanasosholojia asiye na uzoefu wowote wa mpira, na upungufu huo, kama ilivyotokea, ndio uliokuwa sifa yake kuu, kwa kuwa alianza kazi kwa kuwauliza wachezaji maoni yao. Uliozaliwa hapo ulipewa jina la Demokrasia ya Wakorintho, na watu wengi huukumbuka kwa jina la Sócrates, nahodha wa Brazili katika Kombe la Dunia la 1982 na daktari kwa taaluma. Kumbukumbu hiyo ina upungufu. Injini ya utaratibu huo ilikuwa kura, si nyota. Kila jambo lililowahusu watu wote lilipigiwa kura: saa ya mazoezi, safari, mchezaji wa kusajiliwa, mgawanyo wa posho za ushindi, na katika kura hizo mkurugenzi, mshambuliaji wa timu ya taifa na mtunza vifaa, yule anayefua jezi na kupanga viatu, kila mmoja alikuwa na kura moja yenye uzito uleule. Kambi ya lazima ilikuwa miongoni mwa mambo ya kwanza kuangushwa kwa njia hiyo. Kulikuwa na waliopinga, akiwemo kipa Emerson Leão aliyesajiliwa 1983 na ambaye hakuficha kwamba haoni maana ya mtindo huo, na hakuna aliyemfukuza kwa ajili hiyo.

Wapinzani wa tafsiri hii husema kwamba haya yalikuwa mambo ya ndani ya chumba cha kubadilishia nguo, na kwamba kumruhusu mchezaji alale nyumbani si kupambana na jeshi. Pingamizi hilo linasahau mazingira. Katika nchi ambayo raia alikuwa hajamchagua rais wake tangu 1960, ambayo magavana na mameya wa miji mikuu waliteuliwa kutoka juu, wafanyakazi wa kampuni moja maarufu walikuwa wakionyesha kila wiki, mbele ya televisheni, kwamba watu wa kawaida wanaweza kuamua mambo yao kwa kura na bado kazi ikaenda. Na ikaenda kweli, kwa maana Corinthians walitwaa ubingwa wa jimbo la São Paulo mwaka 1982 na 1983, mara zote mbili wakiishinda São Paulo katika fainali. Uchaguzi wa magavana uliporuhusiwa kufanyika tarehe 15 Novemba 1982, mgongo wa jezi, uliokuwa umefunguliwa hivi karibuni kwa matangazo ya biashara, ulibeba wito wa kuwataka raia wajitokeze kupiga kura siku hiyo. Haukutaja chama wala mgombea. Hata hivyo, wakuu wa michezo waliukemea, wakisema nafasi hiyo haikutolewa kwa ajili ya siasa, na katika karipio hilo wanaodai kwamba soka lilikuwa burudani tupu wanapingwa na watawala walewale wanaodhani kuwa wanawaelewa.

Tena mambo hayakubaki chumbani. Wladimir, beki wa kushoto mweusi aliyeichezea Corinthians mechi nyingi kuliko mtu mwingine yeyote, alikuwa kiongozi wa chama cha wachezaji wa kulipwa wa São Paulo, na alikifungamanisha chama hicho na wimbi la vyama vya wafanyakazi lililokuwa limeanza na migomo ya viwanda vya magari vya vitongoji vya jiji hilo mwaka 1978. Vuguvugu la kudai uchaguzi wa rais wa moja kwa moja lilipoanza, mojawapo ya mikutano yake ya mwanzo, Novemba 1983, ulifanyika katika kiwanja kilicho mbele ya lango la uwanja wa Pacaembu, na sauti iliyoongoza majukwaa ya mikutano mikubwa ya mwaka uliofuata ilikuwa ya Osmar Santos, mtangazaji wa mpira wa redio. Jambo hili linastahili uzito kuliko linavyopewa. Mwanasiasa aliyenyamazishwa miaka ishirini hajui tena kuzungumza na watu laki kadhaa kwa mpigo. Mtangazaji wa mpira hakuwahi kunyamazishwa, alikuwa amefanya kazi hiyo kila Jumapili, akijua lini apandishe sauti, lini awaachie watu nafasi waitikie.

Pingamizi zito kuliko yote ni kwamba vuguvugu lilishindwa. Tarehe 25 Aprili 1984 marekebisho ya katiba yalipata kura 298 katika baraza la wabunge, pungufu ya 320 zilizohitajika, na Sócrates, ambaye alikuwa ameahidi mbele ya umati kwamba angebaki nchini iwapo yangepita, alikwenda Italia kuichezea Fiorentina. Mwaka 1985 Adilson aligombea uenyekiti wa Corinthians, akashindwa, na utaratibu wote ukafa naye. Yote hayo ni kweli. Ila anayeyatumia kama ushahidi kwamba soka halikuwa upinzani anaweka kipimo ambacho hakiwekei upinzani mwingine wowote: hakuna asemaye kwamba Kanisa, chama cha wanasheria au vyama vya wafanyakazi havikupinga udikteta kwa vile navyo vilishindwa usiku uleule wa Aprili. Na demokrasia ya klabu hiyo iliondoka kwa sanduku la kura la wanachama. Majenerali hawakuwahi kukubali kuondolewa kwa njia hiyo.

Mfano wa kinyume upo karibu na wasomaji wa Kiswahili, na unafundisha zaidi kuliko sifa nyingi. Katika Kombe la Dunia la 1974, Zaire ya Mobutu Sese Seko, timu ya kwanza ya Afrika kusini mwa Sahara kufika huko, ilifungwa 9-0 na Yugoslavia, kisha ikakutana na Brazili. Brazili walipopata mpira wa adhabu, beki Mwepu Ilunga, aliyetoka klabu ya Lubumbashi ambayo leo inajulikana kama TP Mazembe, alichomoka kwenye ukuta na kuupiga mbali mpira ambao haukuwa wake. Ulimwengu ulicheka kwa miaka mingi, ukidhani Mwafrika huyo hajui kanuni. Mwepu alikuja kueleza kwamba kanuni alizijua vizuri, kwamba alifanya makusudi kwa hasira, kwa kuwa wachezaji walikuwa hawajalipwa, na kwamba walikuwa wametishwa na watu wa Mobutu wasithubutu kufungwa zaidi ya magoli matatu. Hasira yake haikuwa ndogo kuliko ya Sócrates, na hatari iliyomkabili ilikuwa kubwa zaidi. Alichokosa ni chombo: chama cha wachezaji, klabu ambayo rais wa nchi hakuishika mkononi, kikundi cha mashabiki chenye bendera yake kisichongoja amri. Bila hivyo upinzani wake uliishia kuwa teke moja ambalo halikueleweka kwa muda mrefu.

Kwa hiyo swali la kama soka linapinga au linatumikia udikteta limeulizwa vibaya tangu awali, kana kwamba mchezo una tabia moja ya kuzaliwa nayo. Linalopaswa kuchunguzwa ni nani anashika usajili, nani anachagua mwenyekiti, nani anamiliki jukwaa. Huko Brazili hata baada ya wanajeshi kukabidhi madaraka Machi 1985 sehemu ya vita hivyo ilikuwa haijapiganwa, kwa maana ile hati ya passe ilibaki vilevile, ikitetewa sasa na viongozi wa klabu waliojiita wanademokrasia. Iliondolewa kwa sheria ya Machi 1998 iliyobeba jina la Pelé, aliyekuwa waziri wa michezo, na kifungu chenyewe kikaanza kutumika Machi 2001, miaka 30 baada ya Afonsinho kushinda kesi yake na 16 baada ya jenerali wa mwisho kutoka Ikulu.